Vidole Nyuma ya Mgongo

Kama si mvuke wa chumba cha kufulia, nisingejua kwamba duniani kuna mpira wa vinyoya, wala baba yangu asingesimama nje ya ukumbi siku ile ameshika sapatu zangu kama mtu aliyebeba mtoto mgonjwa.

Nilikuwa nafua mashuka katika hospitali ya wamisheni pale Nsambya, Kampala. Shule niliishia darasa la saba, na kazi niliipenda. Kutoka nyumba za polisi tulikokaa mpaka kufulia ni kupanda kilima tu, na njiani nilikuwa naota. Kuota nilikujua kuliko kufua. Leo mimi ni rubani, kesho nina duka langu Kikuubo, kwenye maduka ya jumla, nimekalia marobota ya vitenge naita wateja.

Asubuhi moja akaingia mwanamke mrefu, mzungu, amebeba kopo jembamba. Tulimjua kwa sura. Alitoka Denmark, na kazi yake ilikuwa kuwafundisha watu waliovunjika miguu kutembea tena. Kiswahili alijifunza Tanzania kabla ya kuletwa kwetu, kwa hiyo alisema kama mtangazaji wa redio.

"Hamjambo akina mama. Naomba mvuke kidogo, tafadhali."

Tuliangaliana. Miaka ile watu waliomba sukari, waliomba sabuni, waliomba chumvi. Mvuke?

"Musungu, mvuke hiyo unaenda kuweka wapi?" aliuliza mkubwa wetu, mama mmoja Mnubi asiyeshindwa maneno. "Tukufungie kwa gazeti?"

Mdenishi alicheka mpaka akashika mlango. Akafungua kopo. Ndani mlikuwa na vitu vyeupe, manyoya ya bata bukini yamepandwa duara kwenye kipande cha gome laini, kama visketi vya wanasesere. Akatueleza kwamba manyoya yakikauka yanavunjika kwa pigo moja, lakini ukiyapitisha kwenye mvuke yanalainika, yanadumu. Vinyoya hivyo Kampala havikupatikana. Dada yake ndiye alikuwa akimtumia kwa posta, na posta ya wakati ule, ukipata ulichotumiwa, unashukuru Mungu.

Nilishika kimoja juu ya pipa letu la kuchemshia. Kilipolainika sikujua nimepatwa na nini, nikakipiga kwa kiganja kumwelekea. Akakirudisha. Nikachukua sahani ya bati, nikakirudisha tena. Tuliendelea hivyo mpaka mama Mnubi akapiga kelele kwamba mashuka ya wadi hayajifui yenyewe.

"Una mkono," Mdenishi akaniambia. "Jumapili uje."

Ukumbi ulikuwa mjini. Waliujenga Wahindi, na Wahindi walikuwa wamekwisha kufukuzwa nchini, wameondoka na sanduku mojamoja. Ukumbi ukaangukia mkononi mwa meja mmoja wa jeshi. Kwanza aliujaza magunia, baadaye akaona fahari kuwa na mahali pa michezo, akayatoa. Mistari ilikuwa bado imechorwa sakafuni, myeupe, safi. Mimi niliiruka siku ya kwanza, naogopa kuikanyaga, kama vile wenyewe wangerudi kuniuliza.

Raketi yangu ilikuwa ya zamani, ya huyo Mdenishi, ambaye sasa alikuwa mwenzangu uwanjani. Nyuzi zake zilipokatika tukaziba kwa nyuzi za kuvulia samaki. Nilicheza pekupeku kwa sababu sapatu ziliteleza. Na kila Jumapili, tukipumzika, nilimwomba anisimulie maisha yake ya mchezo, maana kwangu zile zilikuwa ndoto zilizokwisha kupigwa pasi.

Alianza akiwa mtoto, katika mji mdogo wenye baridi, ambako baba yake alikuwa akiwasha moto wa kupasha ukumbi. Watoto wa mfagizi na mwasha moto walicheza bure kabla watu hawajafika. Huko alimpata rafiki mmoja, msichana mfupi, na tangu hapo hawakuachana uwanjani. Wawili hao walichezea nchi yao. Walipanda ndege mpaka Uingereza, mpaka Malaysia, ambako alisema watu ukumbini hushangilia kama mvua juu ya mabati. Walishinda sana, wakashindwa fainali moja aliyokuwa akiisimulia kwa furaha kuliko zote walizoshinda. Kisha goti la yule rafiki likachanika. Mwenzangu alikaa naye miezi akimsaidia kutembea kutoka kitandani mpaka dirishani, na hapo ndipo alipojifunza kazi iliyomleta kwetu.

"Hukutafuta mwingine?"

"Wa kucheza naye? Nilijaribu. Nilijaribu pia peke yangu." Akatikisa kichwa. "Nikiwa peke yangu uwanjani najiona niko uchi."

"Na mimi?"

"Wewe unaota sana. Lakini hugeuki."

Hilo ndilo lilikuwa fundisho lake kubwa. Katika mchezo wa wawili, aliyeko mbele hageuki kumtazama aliyeko nyuma. Ukigeuka, kinyoya kimekwisha kupita. Na usiondoke mahali pako kwenda kumsaidia kwake, maana utaacha pako wazi. Kwa hiyo aliyeko mbele, anapoanzisha, huweka mkono mmoja nyuma ya mgongo na kumwonyesha mwenzake anachotaka kufanya. Ngumi, maana yake kinyoya kitakwenda kifupi, kitue karibu na wavu. Kiganja wazi, kitakwenda kirefu, mpaka mwisho. Niliufanyia mazoezi mkono ule hata nikipanda kilima na ndoo. Mama yangu akadhani nina kidonda mgongoni.

Siku moja meja akatangaza kwamba Jumapili ijayo analeta wageni. Tucheze na makarani wawili wa jeshi, vijana wazuri tu, wenye maneno. Mmoja wao alikuwa amekaa nyuma yetu Jumapili kadhaa akijifanya anafunga kamba za viatu, kumbe anasoma vidole vyetu. Mwenzangu alimwona. Siku ya mchezo, kabla hatujaingia, akaninong'oneza: "Leo tunageuza. Ngumi ni ndefu, kiganja ni fupi."

Baba alikuja kunitazama. Alikuwa sajenti wa polisi, mtu wa kaskazini, na mtu wa kaskazini kwenye sare wakati ule hakutembea ovyo siku yake ya mapumziko, maana wengi wa kwao walikuwa wakikamatwa; lakini alikuja, amevaa sare. Akanivua sapatu mwenyewe, akazishika.

"Dada wa sabuni!" karani akaita kutoka upande wa pili. "Leo tunakufua!"

"Fua, kaka, lakini usisahau kuanika!"

Watu wakacheka, hata meja. Tukaanza, na ile hila yetu ikawatesa kabisa. Rafiki yao aliyekaa nyuma yetu akiona ngumi yangu, akimwashiria karani aje mbele, kinyoya kinapita juu ya kichwa chake. Alikuwa akirudi mbiombio kama mtu aliyesahau chungu jikoni. Nilikuwa na furaha ambayo sijui niieleze vipi. Nilikwisha kufika Malaysia, nasikia mvua juu ya mabati.

Ndipo mtu mmoja akaingia uwanjani, katikati ya mchezo, na viatu vyake vigumu. Miwani nyeusi, shati la maua. Kila mtu Kampala alijua vazi lile ni la watu wa usalama. Akashika wavu. Meja akatazama kucha zake.

"Munafanya alama," yule mtu akasema. "Nyinyi wawili. Kuja."

Baba akaamriwa kungoja nje. Mwenzangu akapelekwa stoo. Mimi nikapelekwa chumba kilichokuwa cha viongozi wa klabu. Kulikuwa na kabati la vioo, halina kitu, ila vumbi lilikuwa limeacha viduara mahali vikombe vilipokuwa vimesimama.

"Wewe binti ya nani?"

"Ya sajenti, afande. Yule pale nje anashika sapatu."

"Mkono yako ilikuwa nafanya nini huko nyuma?"

"Inaongea na mwenzangu, afande."

"Mwenzako iko na masikio. Kwa nini hauongei na mdomo?"

"Wale wengine watasikia."

Nililisikia jibu langu likitoka. Lilikuwa kweli, na lilikuwa jibu la jasusi hasa.

Akavuta kiti, akakaa karibu. "Musungu anaongea Kiswahili ya Tanzania. Unajua Tanzania ni adui?"

"Najua, afande."

"Sasa sikia. Wewe unaniambia alama moja moja maana yake. Halafu mimi naenda kuuliza yeye. Maneno ikifanana, munaenda nyumbani kula. Ikikataa kufanana, gari iko nje."

Gari hilo hakuhitaji kulieleza. Magari kama hayo tulikuwa tukiyaona mjini, na waliotiwa ndani ya buti la nyuma hatukuwaona tena.

Nikaanza kusema, halafu nikakwama. Ngumi ni nini? Kila siku ni fupi. Leo ni ndefu. Nikisema ya leo na yeye akasema ya kila siku, tumekwisha. Nikisema ya kila siku na yeye akasema ya leo, tumekwisha vilevile. Nilitamani kugeuka nimtazame, na kati yetu palikuwa na ukuta. Basi nikasema yote, ya kila siku na ya leo, na kwamba tumegeuza kwa sababu ya karani na kamba zake za viatu. Yule mtu alisikiliza bila kutikisika, akatoka.

Nikabaki na viduara vya vumbi. Kupitia dirishani nilimwona baba, amesimama wima juani. Hakuweza kuingia, hakuweza kuuliza. Alikuwa akizifuta sapatu zangu kwa kidole gumba, moja, halafu nyingine, halafu ile ya kwanza tena.

Mlango ukafunguliwa.

"Musungu amesema ngumi ni fupi," akasema taratibu. "Wewe unasema leo ni refu. Nani anadanganya?"

Ilikuwa rahisi kuhama. Kusema ndiyo afande, nimekosea, ni fupi. Ulimi ulikuwa umekwisha kuinuka. Lakini niliwaza, nikikimbilia alipo yeye, na yeye akija nilipo mimi, nani amebaki?

"Hakuna anayedanganya, afande. Umemuuliza ya kila siku. Rudi umuulize ya leo."

Alinitazama kwa ile miwani. Sijui aliona nini: msichana wa pekupeku, jasho, mikono imenyauka kwa sabuni. Akatoka tena. Na kwa kuwa mlango aliuacha wazi, nikaisikia sauti ya mwenzangu, ile ya mtangazaji wa redio, ikitokea stoo, kubwa, ya kushangaa kabisa:

"Ah! Ya leo! Leo tuligeuza, bwana! Ngumi ni ndefu! Yule karani alikuwa akitupeleleza!"

Nilikaa chini sakafuni. Nililia na kucheka kwa pamoja, kamasi na yote.

Lakini mtu wa usalama hakuridhika kwa maneno. Akaturudisha sote wawili uwanjani, akawaita makarani, akasimama nyuma yangu kabisa ili aone mkono mwenyewe. "Anzisha."

Nikaweka ngumi. Kinyoya kikaenda kirefu.

"Mm," akasema. "Tena."

Kiganja wazi. Kikatua karibu na wavu. Mara ya tatu hakungoja. Nilipoweka ngumi tu akapaza sauti, "Refu!" na kikaenda kirefu. "Fupi!" na kikaenda kifupi. Alivua miwani. Macho yake yalikuwa madogo, ya mtu wa kawaida, na yalikuwa yanacheka. "Refu! Mumeona? Nilisema! Fupi! Huyu anakuja fupi!"

Bila shaka makarani nao walikuwa na masikio. Kila siri yetu waliipata kabla raketi yangu haijasogea, wakatupiga vibaya sana, na wageni wa meja wakashangilia, na yule mtu akawa anarukaruka nyuma yangu kama mwalimu mkuu kwenye sherehe ya shule. Tulishindwa vibaya. Nilipogeuka mwishoni, maana mwishoni unaruhusiwa kugeuka, mwenzangu alikuwa amejifuta uso kwa nguo yake na anacheka.

"Nimewahi kushindwa fainali," akasema, "lakini hii ni bora."

Tulitembea watatu mpaka Nsambya, baba katikati. Tukaanza kupanda kilima. Ndipo akasimama, akatazama mikono yake.

"Kumbe sijakupa sapatu," akasema. Nyayo zangu zilikuwa zimekwisha kuwa nyekundu kwa vumbi la njia nzima. Akapiga goti barabarani, na sare yake, akanivalisha.

Mkataba wa mwenzangu ulipokwisha aliondoka salama, kwa ndege, na mimi nikasikia moyo umetua hata huku nikilia. Raketi aliniachia. Lakini kabla ya hapo kuna Jumapili moja siwezi kuiacha. Yule wa usalama alirudi, bila miwani, na raketi mpya chini ya kwapa, sijui aliitoa wapi.

"Nifundishe hii kitu ya wawili," akamwambia mwenzangu.

"Vizuri sana. Simama mbele. Mimi nitakuwa nyuma yako."

Alisimama mbele. Akageuka. Akasimama tena, akageuka tena. Mara ya tatu akarudi mstari wa nyuma, mgongo ukutani, akatikisa kichwa.

"Hapana," akasema polepole. "Mimi siwezi kuweka mtu nyuma yangu."

Mwenzangu akamtazama kama alivyowatazama wagonjwa wake, akanipa ishara nitoke uwanjani, akavuka wavu. Akamfundisha ule mchezo mwingine, wa mtu peke yake.