Karani wa Kura na Sikio Lake

Julai ile, siku ya kura ya kwanza ya vyama vingi mjini Ulaanbaatar, Mongolia, Tsendsuren alimkuta karani mnene mwenye vidole laini visivyo na sugu. Hakumtazama mtu usoni. Kila mpiga kura alipotaja jina, karani aliinamisha kichwa kushoto, akafumba macho, akaisikiliza sauti kwanza ndipo afungue orodha. Sikio lake la kushoto lilikuwa bapa na jekundu, kama lililobanwa na kitu miaka mingi.

"Tsendsuren," akajitaja.

Karani akatabasamu, orodha hajaigusa. "Dada yako wa Darkhan, ule mguu uliokanyagwa na farasi, umepona?"

Tsendsuren akarudi nyuma hatua moja. Habari ile aliizungumza na dada yake tu, kwa simu, wakati wa baridi.

"Nani kakwambia?"

"Mwezi wa tatu walituondoa kwenye mitambo ya kunasa simu, mama. Sikuusikia mwisho wake."

Nyuma ya pazia Tsendsuren aliweka alama kwa chama kipya, akaitumbukiza karatasi sandukuni. Kisha akarudi mezani, mwenyewe hajui kwa nini.

"Umepona. Ila anachechemea."

Karani akashusha pumzi ndefu, machozi yakimlengalenga. "Afadhali," akanong'ona, kisha akaita, "Anayefuata!"