Bahasha ya Saa Nne na Dakika Sita

Mpaka anaondoka duniani, Shangazi hakuweza kumsalimu mtu mwenye miwani chafu. Alimvua kwanza, akaifuta kwa pindo la blauzi, akaiinua kwenye mwanga, ndipo akauliza, "Haya, hujambo?" Hakimu, mchukuzi, mkwe, wote walimsubiri wakipepesa macho kama vifaranga.

Duka lake la miwani lilikuwa chini ya jengo la halmashauri, chumba namba tatu, miaka kumi na tisa. Binti wa kaka yake, ambaye yeye ndiye aliyemsomesha, alikuwa karani wa zabuni ghorofa ya pili.

Vyumba vya jengo vilipotangazwa upya kwa zabuni, ofisini wakaanza kumchokoza karani.

"Tunapoteza wino tu," alisema mpiga chapa. "Namba tatu ina wenyewe."

"Mwenye kisu kikali ndiye mla nyama!" mwingine akadakia.

Karani alicheka nao, ila maneno yalimkaa kama mwiba.

Siku ya mwisho, sanduku la zabuni lilifungwa saa nne kamili asubuhi. Shangazi alikuwa kwenye benchi kando yake, akisubiri bahasha zifunguliwe. Saa nne na dakika sita akaingia muuza simu, anahema, bahasha mkononi. Ilitosha kumwambia, "Umechelewa." Lakini karani aliyasikia yale macheko kabla hayajachekwa. Akimkataa, watasema kambeba shangazi yake. Akaipokea. Kwenye daftari akaandika: saa nne kasoro dakika mbili.

Muuza simu akashinda chumba namba tatu.

Shangazi akakata rufaa. Hakuwa na wasiwasi; daftari lenyewe litasema nani alichelewa. Mbele ya baraza la rufaa likafunguliwa, likasomwa kwa sauti.

"Mwandiko huu ni wako? Na muda ni sahihi?" mwenyekiti alimuuliza karani.

"Ndiyo," alijibu, akiangalia kucha zake.

"Nawe, mama, ulikuwepo. Bahasha iliingia saa ngapi?"

Shangazi alimtazama binti yule kitambo. Wakili wake akamgusa kiwiko. Neno moja tu, na kazi ya mtoto ingekwenda na maji.

"Sikuangalia saa," alisema.

Rufaa ikatupwa kabla ya chakula cha mchana.

Jumamosi karani aliomba ruhusa, akashuka kusaidia kuhamisha vitu. Kutani palibaki mistatili myeupe, pale rafu zilipokuwa. Alikuwa amejipanga usiku kucha aseme nini. Hakujua kwamba baada ya siku hiyo hatamkuta tena hai. Moyo wa Shangazi ulisimama Jumatano iliyofuata.

"Shangazi, ile bahasha… mimi ndiye…"

"Nilikuwepo, mwanangu. Shika upande huo wa kabati, polepole, lina vioo."