Jinsi nilivyonyolewa hadi nyusi nikimtafutia mama mkwe pa kuangalia baseball hapa Stockholm

Wakuu, habari za kwenu popote mlipo.

Haya ninayoandika yamenitokea mimi mwenyewe, na ushahidi ninao kichwani. Maana yake kichwa hakina nywele mpaka sasa.

Naishi Rågsved, kusini mwa Stockholm. Kazi yangu ni kuhudumia wazee majumbani, ile wanaita hemtjänst. Mke wangu Nanjala na mimi wote ni Wabukusu wa Bungoma. Mwezi wa sita alijifungua mtoto wetu wa kwanza, Nekesa, kwa upasuaji. Daktari akasema asibebe kitu chochote kizito zaidi ya mtoto.

Basi tukamwita mama yake aje atusaidie.

Hapa naomba nieleze kidogo kwa wasiojua. Kwetu mama mkwe na mkwe ni watu wa kukwepana. Hamkai chumba kimoja, hamli pamoja, hamzungumzi ana kwa ana. Ni heshima, si ugomvi. Sasa chukua hiyo heshima uiweke kwenye nyumba ya vyumba viwili Rågsved.

Nilikuwa nakula jikoni nimesimama. Nikitaka kwenda chooni nakohoa kwanza ili mama ajue napita. Nilikohoa sana mpaka jirani wa juu, mama mmoja Mswidi, akaniletea dawa ya kifua.

Lakini tulikuwa tunaenda. Mama alipika, aliogesha mtoto, aliimba nyimbo za kanisani. Nikasema Mungu mkubwa.

Jumapili ya pili Nanjala akaniita pembeni. "Mama anauliza baseball iko channel gani."

Nikamwambia umesikia vibaya.

Hakuwa amesikia vibaya. Kumbe baada ya baba mkwe kufariki, mama alikaa Texas kwa dada yake Nanjala muda mrefu, na huko akawa shabiki wa kutupwa wa baseball. Si ya shule, ni ile ya ligi yenyewe, wachezaji wa kulipwa. Ana timu yake. Anajua majeraha ya kila mchezaji. Mama mzima, mweka hazina wa akina mama wa kanisa.

Nikasema hiyo ni kazi ndogo. Nikalipia app ya ligi, nikaunganisha na TV. Mechi za mchana wa Marekani huku ni jioni, kwa hiyo hata saa hazikuwa shida. Nikawaacha sebuleni, nikarudi jikoni kwangu.

Dakika chache baadaye nikasikia yowe. Nilidhani mtoto ameanguka. Nikakimbia bila hata kukohoa.

Mama alikuwa amesimama juu ya kochi, mikono hewani. Mtoto analia. Nanjala ameshika kidonda. Jirani wa chini anabonyeza kengele.

Mtu alikuwa amepiga home run, yaani mpira umetoka nje kabisa ya uwanja.

Siku hiyo Nanjala akapiga marufuku. Baseball isionekane ndani ya nyumba hii mpaka mtoto akue. Mama hakubisha. Siku mbili baadaye Nanjala akamkuta anapanga nguo kwenye begi. Alisema labda wakati wake wa kurudi umefika, anaona anasumbua watu.

Wakuu, mke wangu alilia. Na mimi nikaona nikimpoteza mama huyu, kwanza nani atabeba mtoto nikiwa kazini, pili nitaitwa jina gani Bungoma nzima? Mkwe aliyemfukuza mama kwa sababu ya TV.

Nikamwambia Nanjala, "Mwambie mama nitamtafutia mahali."

Tukaanza na bar moja ya michezo kule Södermalm. Nanjala hawezi kutoka, mama hajui treni wala Kiswidi, kwa hiyo ni mimi na mama.

Mtajiuliza tulisafirije. Mama aliingia mlango wa mbele wa behewa, mimi wa nyuma. Kila mmoja ana simu sikioni, na Nanjala yuko nyumbani ametuunganisha wote huku ananyonyesha.

"Nanjala, mwambie mama tunashuka kituo kinachofuata."

"Mama, anasema mnashuka kituo kinachofuata."

"Mwambie nimesikia."

"Amesema amesikia."

Mama ananisikia vizuri kabisa. Yuko viti vinne mbele yangu. Lakini heshima ni heshima.

Pale bar, msichana wa kaunta aliniangalia kama nimeuliza mbio za ngamia. TV zilikuwa nyingi, zote soka. Akafikiri, akasema, "Baseball? Kama brännboll?" Brännboll ni mchezo wa Waswidi wa kupiga mpira kwa gongo na kukimbia, wanacheza wakati wa joto. Akatuelekeza bustani ya karibu, eti kuna watu wanacheza sasa hivi.

Tukaenda. Ilikuwa ni ofisi fulani imetoka na familia zao, wanachoma soseji. Mama akasimama pembeni na pochi yake, akatazama. Aliyepiga alijirushia mpira mwenyewe. Mama akashtuka. Halafu watu watatu wakasimama kwenye base moja, kile kituo cha kukimbilia, wakipiga stori.

"Out!" mama akapaza sauti. "Wote hao ni out!"

Waswidi wakageuka. Nilitamani ardhi inimeze. Lakini unajua Waswidi hawapendi kugombana. Mzee mmoja alikuja taratibu, akampa mama filimbi.

Mama alichezesha mchezo ule mpaka ukaisha. Alitoa nje karibu kila mtu, akiwemo bosi wao. Wakampigia makofi na kumpa soseji. Simuni nikasikia, "Mwambie ninashukuru sana, lakini ule si mchezo. Ni picnic."

Jaribio la pili lilikuwa Norsborg, mwisho kabisa wa laini nyekundu ya treni. Huko ana makazi rafiki yangu wa kanisani, Baba Furaha, Mkongo wa Bukavu. Huyu bwana ana dish kubwa balkoni na king'amuzi anachojisifia.

"Leta mama," akasema. "Mi niko na chaînes zote, channel zote. Hakuna kitu inakosa."

Alitupokea kwa heshima kubwa. Mama akawekwa sebuleni, mimi nikakaa koridoni kwenye kiti cha plastiki, mlango wazi kidogo. Tukala bugali na sombe, yaani ugali na kisamvu. Akaomba dua ndefu, akaiombea hata dish. Halafu akawasha.

Watu wamevaa nyeupe, uwanja wa kijani, mmoja anatupa mpira, mwingine ana gongo.

"Voilà!" akasema Baba Furaha.

Tulitazama muda mrefu sana. Wale watu wakapumzika kunywa chai. Mimi sikujua kitu, nikawa natikisa kichwa tu. Mwishowe simu ikanong'ona: "Mama anasema mwambie huyo baba, kwa upole, gongo lao ni bapa."

Ilikuwa cricket.

Baba Furaha alikataa katakata. Alisema hiyo ndiyo baseball ya Ulaya. Mpaka leo hatujaelewana kwenye hilo.

Kwenye treni ya kurudi niliona mama ameegemea dirisha, simu ameiweka ndani ya pochi. Nikaona aibu, wakuu. Mama amesafiri bara zima kutubebea mtoto, mimi nashindwa kumpa kitu kimoja anachokipenda.

Kesho yake kazini, wakati wa kahawa, nikamsimulia mwenzangu Yolanda. Yeye anatoka Jamhuri ya Dominika. Alicheka mpaka akaweka kikombe chini.

"Umemuuliza Mswidi na Mkongo kuhusu baseball," akasema, "na mimi nakaa hapa mbele yako kila siku?"

Kumbe kwao baseball ndiyo dini ya pili. Kaka yake, Ramón, ana saluni ya kunyoa Sundbyberg, na kila Jumapili jioni wanakusanyika pale kuangalia mechi kwenye TV kubwa. Ila kuna sharti. Mwenye jengo amemwonya Ramón mara kadhaa: hapa ni saluni, si klabu. Akichungulia dirishani akakuta watu wamekaa tu wanapiga kelele, mkataba umekwisha. Kwa hiyo kila aliye ndani lazima awe anahudumiwa.

Nikasema kunyolewa ni nini bwana? Twende.

Jumapili tukafika, mama mlango wa mbele wa treni, mimi wa nyuma, kama kawaida. Saluni ilijaa wanaume, wote wana povu usoni au kitambaa shingoni. Walimwona mama, wakasimama. Ramón mwenyewe akamketisha chini ya ile dryer kubwa ya akina mama, mbele kabisa ya TV, akamfunga foil kichwani. Mama akatulia kama malkia.

Mimi nikapewa kiti cha kunyolewa. Viti vinatazama vioo, TV iko ukuta wa nyuma. Nikafurahi, maana naona mechi kwenye kioo na nimempa mama mgongo. Heshima imekamilika.

Sasa baseball haina dakika tisini, wakuu. Hii kitu inaenda tu. Ramón alinipunguza nywele. Mechi inaendelea. Akanikata fade. Mechi inaendelea. Akanyoa zote. Akamaliza ndevu. Mwenye jengo alipita dirishani akatuangalia, na Ramón akaona hana kingine cha kunyoa, akaanza nyusi.

Wakati huo simu ilikuwa kimya. Nikasikiliza vizuri, nikasikia mkoromo. Nanjala amelala na mtoto.

Ghafla mpira ukapigwa juu, ukapotea kwa mashabiki. Nikasoma matokeo kwenye kioo, nikaona upande wa timu ya mama umeongezeka. Nikaruka na kitambaa changu, "Yeeees! Tumewapiga!"

Mashine ya Ramón ikazimwa. Mtu mwenye povu alinitazama kwa huzuni.

Kwenye kioo kila kitu kiko kinyume. Kushoto ni kulia. Nilishangilia maadui.

Ndipo ikatoka sauti chini ya ile dryer, haikupitia simu yoyote:

"Baba Nekesa. Hao si wetu."

Miaka kumi na moja ya ndoa, hilo ndilo neno la kwanza mama mkwe aliniambia moja kwa moja.

Nikajibu nikiangalia sabuni ya Ramón. "Pole mama. Nimesoma vibaya."

"Geuza hicho kiti," akasema. "Utaangaliaje mpira kwa kioo?"

Ramón hakuelewa Kiswahili, lakini alielewa. Akanigeuza.

Mama akaanza kunieleza. Nani yuko wapi, kwa nini yule anatemea mate glavu, kwa nini hawa wanasubiri. Nikapata ujasiri, nikauliza, "Mama, uliupendea nini mchezo huu?"

Akasema, "Mzee alipokuwa hospitali, kila siku nesi alikuja kuniambia muda umekwisha, toka. Hata siku ile ya mwisho waliniambia muda umekwisha. Nilipofika Texas nikaona mchezo huu hauna saa. Mpaka mtu wa mwisho atolewe, hakuna anayekuambia muda umekwisha. Nikaupenda."

Nikasema tu, "Ni kweli, mama."

Timu yetu ilifungwa. Mama alifarijiwa kwa Kihispania na wanaume wanane, akawaombea wote.

Tulirudi tumekaa viti vya kutazamana, tunabishana kuhusu mwamuzi. Nanjala alipofungua mlango alipiga kelele, hakunitambua. Mama akampita akasema, "Mechi ilichelewa kuisha," akaenda kumwangalia mtoto.

Begi lilirudi juu ya kabati. Alikaa mpaka mwezi wa tisa, na kila Jumapili tulikuwa Sundbyberg. Nywele zangu hazikupata nafasi ya kuota.

Wiki iliyopita, akiwa tayari Bungoma, nikaamua kumtumia glavu, maana anataka kuwafundisha akina mama wa kanisa. Muuzaji akaniuliza, "Anatupa kwa mkono gani?" Nikasimama pale dukani kama mjinga. Nikampigia mama mwenyewe.

"Kushoto," akasema. "Mimi ni wa kushoto tangu nizaliwe."

Miaka yote hiyo, wakuu. Sikujua.

Nilichojifunza: ukitafuta kitu ugenini, waulize wanaokipenda, usiwaulize wenye TV nyingi. Na mila naziheshimu bado, sijaziacha, ila zikituzuia hata kujuana nazisogeza kidogo, kama Ramón alivyogeuza kile kiti.

Wenye mama wakwe, hasa mliokaa nao nyumba ndogo ughaibuni, nyinyi mliishije? Na kama kuna mtu anajua nyusi huchukua muda gani kuota, aniambie hapa chini, nina usaili wa kazi.