Alama Nyekundu ya Mama Vifungo

Ufa wa ukutani ulianza mwembamba kama uzi. Fundi cherehani, ambaye mtaa mzima ulimwita Mama Vifungo, aliuziba kwa vipande vya nguo: kwanza utepe wa kola, baadaye mkono wa shati. Sasa ulimeza mguu mzima wa suruali, na chini yake alilala mama yake mzazi, aliyepooza. Walikuwa na chumba kimoja tu, cherehani upande huu, kitanda upande ule. Hapakuwa na pengine pa kukaa.

Na upande wa pili wa ukuta, jamani, jirani alikuwa anapandisha ghorofa ya nne juu ya msingi wa kibanda! Kibali? Kibali gani! Bwana Ghorofa, kama walivyomwita, hakuwa mtu wa kuomba ruhusa.

Mama Vifungo akawa kiguu na njia kwenda halmashauri. Huko wakampiga danadana: mara afisa ujenzi yuko kikaoni, mara gari halina mafuta, mara njoo kesho. Akaenda hiyo kesho, na kesho yake.

Ndipo mlinzi wa jirani akamletea suruali ya kupunguza. Akapapasa vitambaa mezani, taratibu.

"Mama, hivi vinashika moto upesi, eh?"

Tangu siku hiyo aliweka ndoo ya maji kando ya cherehani, na kila tofali likidondoka huko juu, aliukagua ufa. Akinyamaza, ukuta utamwangukia mama. Akisema, watamchoma. Akaendelea kusema.

Hatimaye gari la halmashauri likaja. Akashuka afisa ujenzi na vibarua wawili wenye kopo la rangi nyekundu. Nyumba ikipigwa X ya rangi hiyo, kinachofuata ni kubomolewa. Mtaa ukajaa watu. Mashine ya kuchanganya zege ilinguruma, ukitaka kusema na mwenzako lazima umfokee sikioni.

"Mlalamikiwa ni nani hapa?" afisa akapaza sauti.

Mngurumo ukala mwisho wa neno. Mama Vifungo akasikia lile alilolingoja siku zote, mlalamikaji, na kwa mara ya kwanza woga ukamtoka.

"Ni mimi, mheshimiwa! Ni mimi!"

Bwana Ghorofa alikuwa amesimama bega kwa bega na afisa, na alisikia vizuri kabisa. Akanyamaza, akachekea kifuani.

Brashi ikapita mara mbili kwenye mlango wa Mama Vifungo.

"Wee! Siyo hapa! Mimi ndiye niliyelalamika!"

"Mama, umekiri mwenyewe mbele za watu," afisa akasema, ameshaingia garini. "Ukiwa na lalamiko, njoo ofisini."

"Lini?"

"Kesho."

Akaingia ndani akishikilia ukuta. Vumbi la saruji lilikuwa limetapakaa kwenye shuka la mgonjwa.

"Mwanangu, nimesikia gari. Wamekuja?"

Amwambie nini?

"Wamekuja, mama."

"Na alama wameweka?"

"Wameweka."

"Afadhali. Maana nilikuwa naogopa, sikutaka tu kukwambia." Mama akafumba macho. "Leo nitalala."

Mguu wa suruali ulikuwa umeangukia kwenye mto wa mgonjwa. Mama Vifungo akauokota, akaukunja, akaurudisha ndani ya ufa.