Barua ya Bi Zuwena isiyo na jina

Leo nimekataa kuandika barua, na aliyeniomba amenishukuru. Nusu nusu.

Kwa msiojua, kazi yangu ni kuwachapia watu barua za Kiarabu hapa Ibra. Asubuhi kaingia Bi Zuwena, jirani yetu. Nikamwamkia shikamoo, hata hakuitikia.

"Waandikie wazee wa bi harusi, kule Samail. Waambie huyo bwana harusi ana tabia mbaya. Jina langu usilitie."

"Tabia gani, bibi?"

"Wewe andika tu. Wenyewe watafahamu."

Nikaondoa mikono kwenye kompyuta. Barua kama hiyo huvunja posa, na kijana asijue hata kashtakiwa nini.

"Kwani kakufanya nini?"

Akasema kwa sauti ndogo: "Mimi shangazi yake. Posa imepelekwa, habari nimezipata sokoni."

Ahaa.

Basi hapo tukaandika. Kwa kaka yake, baba wa bwana harusi, na jina lake Bi Zuwena chini: nimeudhika, nakuja Ijumaa, nipikiwe.

Akatia sahihi kubwa kuliko barua yenyewe. Akasema ahsante, na mlangoni akageuka.

"Na wewe ulipoposwa juzi, shangazi yako kaambiwa?"

Jamani. Shangazi yangu yuko Sur, wala hajaambiwa. Nani kati yenu anajua kuandika barua nzuri?