Kana za Mama

Mdogo wetu wa mwisho aliishi wiki chache tu. Tulimzika nyumbani, upande wa Luanda Kotieno, kando ya ziwa, kisha tukarudi Kisumu kwenye nyumba ya kazini kwa baba. Ilikuwa miaka ya themanini, nami nilikuwa darasa la nne. Mama alipika, alifua, alienda kanisani, lakini hakuzungumza. Baba naye hakumtaja mtoto hata mara moja.

Asubuhi moja jirani yetu, mama mmoja Mmaragoli, alikuja na gunia la mizizi minene mfano wa tangawizi, bado ina udongo.

"Ni maua ya kana," alimwambia mama. "Panda pale maji ya bafu yanapotokea. Hazitaki kubembelezwa."

Mama alizipanda bila kuuliza kitu. Mvua zilipokolea, majani mapana kama ya mgomba yalichomoza, halafu maua mekundu. Siku ua la kwanza lilipofunguka, mama aliita, "Njoo uone!" Nilikimbia. Sikulifuata ua, niliifuata sauti yake.

Tangu hapo alizitunza. Bua likishamaliza kuchanua, alilikata chini kabisa ili machipukizi yapate nafasi. Shina likisongamana, alilifukua na kuligawa kwa panga, kisha akawapelekea vipande wanawake waliofiwa, mpaka mtaa wa Nyalenda. Baba alizipita tu kama hazipo.

"Maua hayaliwi," alisema siku moja. Mama aliendelea kukata mabua.

Katika miaka ya tisini baba alipunguzwa kazini, tukatakiwa kuhama. Mama alifunga kana kabla ya vyombo. Kule nyumbani alizipanda nyuma ya jiko, lakini kiangazi kilikuwa kikali, na majani machache yaliyotokea yaliliwa na mbuzi. Kisha malaria ikamlaza mama.

Wakati huo nilikuwa nafanya kazi mjini. Nilipokwenda kumwona, nilimkuta baba ameinama nyuma ya jiko, akiyamwagia mashina makavu maji ya ziwa kwa kopo, polepole. Mama alikuwa ameketi mlangoni, amejifunika shuka.

"Mzee, hizo zimekufa," alisema mama.

"Hazijafa. Nimefukua nikaona. Chini bado ni mbichi." Baba alimwaga kopo jingine. Kisha, bila kuinua kichwa, akasema, "Yule mtoto alikuwa na macho yako."

Mama aliishusha shuka mabegani. "Hujawahi kusema."

"Ningesema vipi?"

Mama aliinuka, akaushika ukuta, akaenda kuketi karibu naye juu ya jiwe. Nikaingia ndani, nikawaacha. Niliwasikia wakizungumza kwa sauti ya chini, wakinyamaza, wakizungumza tena.

Mvua iliporudi, kana zilichipua, si nyingi. Baba alizizungushia miiba, mbuzi wasizifikie. Na kuanzia mwaka ule walimtaja mtoto mbele yetu kwa jina lake, kama walivyotutaja sisi wengine.