Nilimwita Mdogo Wangu Mchawi, Huku Nikijua ni Samadi Tu

Nimekosa, ndugu zangu, na sina wa kumsingizia. Nisikilizeni tu, hata mkinitukana nitakubali.

Mimi ni mkulima, kwetu ni kijiji kimoja nje kidogo ya Mpanda mjini. Baba alipofariki aliacha shamba moja, na mimi kwa kuwa ndiye mkubwa nikagawa. Nilijikatia upande wa bondeni, udongo mweusi, mahindi yanaota bila kubembelezwa. Mdogo wangu Editha, aliyekuwa amerudi nyumbani na watoto wake baada ya ndoa kuvunjika, nikampa upande wa juu. Kule baba alilima tumbaku miaka mingi. Udongo umekuwa mweupe kama majivu, mvua ikipiga unashika kama sakafu. Nilijua nampa nini. Yeye akasema, "Asante kaka."

Msimu wa kwanza mahindi yake yaliishia magotini, ya njano. Nilipita pale nikafurahi moyoni. Naona aibu hata kuandika hivyo.

Jirani yetu mmoja, Msukuma, ana ng'ombe wengi. Editha akaenda kumwomba samadi, akaambiwa achote tu, zizi limejaa. Basi kiangazi chote akawa anabeba kwa ndoo kichwani. Nilimcheka. Nikamwambia, "Utanuka ng'ombe mpaka ukose mchumba."

Akanijibu, "Kaka, hii ardhi ina njaa. Acha niilishe."

Mabua hakuchoma, aliyafukia. Katikati ya mahindi akaweka maharage, msimu mwingine karanga. Mimi kule bondeni nilipanda mahindi juu ya mahindi kila mwaka, na nikishavuna nachoma shamba lote lionekane safi.

Misimu ikaenda. Mahindi ya Editha yakawa ya kijani iliyokolea, mabua manene. Ya kwangu yakadumaa, na kiduha, lile gugu linalonyonya mizizi ya mahindi, likatapakaa kila mahali.

Mke wangu akaniuliza, "Hivi kwa nini kwa wifi yanastawi na kwetu hapana?"

Hapo ndipo nilipoharibu. Nikamwambia, "Huyo anatumia dawa. Anavuta rutuba yetu iende kwake."

Nilijua si kweli. Samadi niliiona kwa macho yangu. Nilisema vile kwa sababu nilishindwa kukubali kwamba shamba zuri nililochagua mwenyewe nimeliua mwenyewe.

Maneno yakatoka nyumbani yakafika kilabuni, mwisho yakafika kwenye mkutano wa kijiji. Nikaulizwa mbele ya watu kama ni kweli, Editha naye yupo. Ningeweza kukana. Nikasimama nikasema, "Huyu ni ndugu yangu, mimi ndiye ninayemjua." Nikakaa. Watu wakaelewa walichotaka kuelewa.

Tangu hapo hakuna aliyenunua mboga zake. Watoto wake wakaitwa watoto wa mchawi. Asubuhi moja akakuta mahindi yake yamefyekwa, na yalikuwa yameshabeba. Hakuja kugombana na mimi. Alifunga mizigo akahamia Majimoto, huko anafanya vibarua kwenye majaruba ya mpunga ya watu.

Shamba lake nikalichukua. Nilipopiga jembe likazama lenyewe. Udongo ule uliokuwa kama majivu sasa mweusi, laini, nyungunyungu wanajinyonganyonga ndani. Nikakaa chini palepale nikalia.

Nilimfuata Majimoto. Akanipikia wali, akanisikiliza nikimwomba msamaha mpaka mwisho. Nikamwambia, "Editha, rudi nyumbani. Shamba lako lipo."

Akasema, "Kaka, ubaya uliusema mbele ya watu wote. Msamaha umekuja kuniomba jikoni."

Nilimaliza chakula nikaondoka.

Nyie mnaolima, nawaomba. Shamba likianza kuwa njano, shika jembe uchimbe, uangalie udongo wako. Jiulize umeupa nini miaka yote hiyo uliyokuwa unachukua. Usimtafute mtu wa kumbebesha, hasa mtu asiye na wa kumtetea. Ardhi ukiilisha inarudi, nimeona. Jina la mtu ukishalichafua sijui linarudije.

Haya nimeyaandika hapa kwa sababu hamnijui. Kijijini kwetu bado wanaamini nilichosema.